Mama Karani anajibu: "Jina langu ni Berchmans. Ni jina gani hili?"

Jambo sana, Mama Karani. Mimi nauza makala, yaani mkaa, hapa Bukavu kwenye Beach Muhanzi, nakaa mtaa wa Cimpunda. Jina langu ni Mugisho, prenomu, yaani jina la ubatizo, ni Berchmans. Mugisho sina shida nalo, kila Mshi, mtu wa kabila letu, anajua ni baraka. Shida ni Berchmans. Mama yangu ananiita Bekimasi, mke wangu Beki, wateja wananiita Bershi, na mwalimu wa mtoto wangu aliandika "Bergeman" kwenye daftari. Baba alisema tu kwamba ni jina la mtakatifu, akafa bila kuongeza neno. Mwezi uliopita nilivuka mto Ruzizi kwenda Kamembe, Rwanda. Kijana wa mpakani akasoma hati yangu, akasema: "Lakini hili ni jina la ukoo la Wazungu. Prenomu yako ni ipi?" Watu walikuwa nyuma yangu wamepanga mstari, nikaona haya. Sasa mke wangu ana mimba ya miezi saba. Mimi nataka mtoto aitwe kama mimi. Yeye anasema hawezi kumpa mtoto jina ambalo baba mwenyewe hajui linasema nini. Nisaidie. Na akiwa msichana je?
— Berchmans, Cimpunda

Mwanangu Berchmans, mke wako ana haki, na mwambie Mama Karani ndiye aliyesema. Kijana wa mpakani naye ana haki nusu. Nitafika kwake, lakini kwanza nilipe deni langu.

Miaka 32, kutoka 1979 mpaka 2011, nilikuwa karani wa etasivili, mwandishi wa vizazi, katika komini moja ya mji huu. Jina lako lilipita mezani kwangu mara chache sana, si kama Bosco na Vianney waliokuja kila juma. Na mara ya kwanza lilipopita, nililiharibu. Ilikuwa mwaka 1993, majira ya mvua. Baba mmoja aliingia na kofia inayochuruzika maji, akaishika chini ya meza ili isilowanishe karatasi zangu. Nikamwuliza jina la mtoto. "Bekimasi." Nikamwuliza linaandikwa namna gani. Akanitazama kama unavyomtazama muuza nyama mwenye mzani wa uongo. "Miye nitajua wapi? Weye njo karani." Basi karani akaandika alivyosikia: B, e, k, i, m, a, s, i. Nikapiga muhuri. Baba akavaa kofia yake iliyolowa, akaenda zake akiwa na furaha.

Miaka 17 baadaye kijana mrefu akasimama mbele yangu na karatasi tatu. Cheti cha ubatizo kilisema Berchmans, bultini ya shule ilisema Berkman, na cheti cha kuzaliwa kilisema Bekimasi. Alikuwa mwaka wa mtihani wa serikali, na shule ilikuwa imemwambia achague yeye ni nani kabla hawajapeleka orodha. Mwandiko wa cheti cha kuzaliwa niliutambua bila kuvaa miwani: ile B yangu yenye tumbo kubwa. Nilimwomba msamaha. Akaniambia, "Si kitu, Mama," kwa adabu, lakini macho yake yalisema ni kitu kabisa.

Siku ile jioni nilikwenda kwa padri mmoja mzee, Mflamanda, yaani Mbelgiji asemaye Kiflamanda, aliyekuwa akimalizia uzee wake hapa mjini. Alichukua bahasha iliyotumika, akaandika jina lako kwa herufi kubwa, kisha akalikata kwa mistari miwili kama mtu anayekata mhogo: BERCH / MAN / S. Bahasha hiyo ninayo hadi leo, ndani ya Biblia.

Berch ni mlima. Leo Waflamanda wanaandika berg, lakini zamani waliandika ch mwishoni, kwa sababu ndivyo walivyosikia sauti yenyewe. Na sauti hiyo si k ya mama yako wala sh ya wateja wako. Inatoka kooni, karibu na kh ya watu wa pwani wanaposema "kheri". Sisi tuliletewa jina na Wabelgiji waliosema Kifaransa na Wabelgiji waliosema Kiflamanda, kila mmoja akilisoma kwa koo lake, ndiyo maana kuna Beki na kuna Bershi kwa mtu mmoja. Man ni mtu. Na ile s ya mwisho, ambayo watu wanaimeza, inamaanisha "wa", yaani mwana wa fulani. Wewe Mshi huwezi kushindwa kuielewa: binti ya Cirhuza kwenu anaitwa M'Cirhuza. Ninyi mnaiweka mbele na kwa wasichana, Waflamanda wameiweka nyuma.

Kwa hiyo Berchmans ni mwana wa mtu wa mlimani, au mwana wa mtu aliyetoka kijiji kinachoitwa Mlima, maana vijiji vya jina la Berg kule kwao ni vingi. Na nchi yenyewe ni tambarare kiasi kwamba kichuguu kidogo kinapewa jina la mlima. Wangeiona Cimpunda sijui wangeiitaje.

Hapa nipite pembeni kidogo, kwa sababu jina lako lina ndugu aliyewahi kuutawala mji wetu. Muulize mzee yeyote wa Kadutu aliyezaliwa kabla ya uhuru, atakuambia Bukavu iliitwa Costermansville. Iliitwa hivyo tangu 1927 hadi miaka ya 1950, kwa heshima ya Paul Costermans, ofisa Mbelgiji aliyekuwa mkubwa wa serikali ya Kongo kule Boma na kufa mwaka 1905. Mpasue Costermans kama padri alivyokupasua wewe: koster ni mtunza sakristia, man ni mtu, s ni mwana wa. Babu zetu walibeba mwana wa sakristia kwenye kitambulisho kwa robo ya karne, wala hakuna aliyewaeleza. Kwa hiyo usione haya peke yako.

Sasa mtakatifu wa baba yako. Aliitwa Jan Berchmans, alizaliwa mwaka 1599 huko Diest, mji mdogo wa Ubelgiji, mtoto wa kwanza wa fundi viatu. Mama yake aliugua kwa miaka mingi. Jan alisoma kwa shida, akiwatumikia mapadri ili apate chakula na masomo. Mwaka 1616 aliingia kwa Wajesuiti, shirika la mapadri, mjini Mechelen. Mama yake alifariki mwaka huo huo, na baba yake, yule fundi viatu, naye akasoma akapewa upadri kabla ya kufa. Mwaka 1618 Jan alipanga safari ya kwenda Roma kusoma falsafa, akaenda kwa miguu, na mzigo mgongoni. Pima mwenyewe: ni kama kutoka hapa kwako Cimpunda hadi Lubumbashi kwa miguu. Agosti 1621, katika joto la Roma, walimchagua kwenda kushindana kwa hoja mbele ya wasomi. Alirudi na homa, na tarehe 13 mwezi huo akafa. Alikuwa na miaka 22, hakuwa hata padri.

Hakufanya makubwa. Hakuhubiri nchi za mbali, hakufungua shule, hakuuawa kwa ajili ya imani. Alifanya kazi ndogo vizuri, basi. Papa Leo XIII alimtangaza mtakatifu Januari 1888, kutokana na muujiza uliotokea mwaka 1866 huko Grand Coteau, Louisiana, kwa msichana mgonjwa aliyekuwa akijiandaa kuwa sista. Akawekwa kuwa msimamizi wa watumishi wa altare, wale tunaowaita akolita. Kama baba yako alikuwa akolita, umeshapata jibu la kwanza. Jibu la pili ni Wajesuiti Wabelgiji wenyewe. Walifika Kongo mwaka 1893, na hapa Bukavu walifungua koleji yao mwaka 1938, ile tunayoiita leo Alfajiri. Popote walipokwenda walibeba majina ya vijana wao watatu: Stanislas Kostka wa Poland, Louis de Gonzague wa Italia, na huyu wa kwao, aliyezaliwa saa chache tu kutoka nyumbani kwao.

Tuje kwa kijana wa Ruzizi. Berchmans ni jina la ukoo, hapo hakukosea. Jina la ubatizo la mtakatifu ni Jan, kwetu Jean, au Yohana. Ilikuwaje basi Jean akapotea ukabaki wewe?

Fikiria darasa la shule ya misheni. Mwalimu anaita "Jean!" na wanasimama wanane. Kanisa lina akina Yohana wengi kuliko mapera ya Idjwi, ndiyo maana kila mmoja akapewa mkia: Jean-Baptiste, Jean de Dieu, Jean Bosco, Jean-Marie Vianney, Jean Berchmans. Mkia ukawa ndio unaofanya kazi. Mwalimu akachoka kusema Jean, akaita "Bosco!", akasimama mmoja. Mama naye jioni kilimani hana pumzi ya kupiga kelele majina mawili. Kizazi cha pili, mtoto anaandikwa Bosco peke yake tangu kuzaliwa, na Jean hayupo hata kwenye karatasi.

Na kinachonifurahisha mimi, mtu wa marejista, ni hiki. Kule kwa Waflamanda huenda mambo yalikuwa yale yale, miaka mia kadhaa kabla. Kijijini kulikuwa na akina Jan wengi, karani wa wakati huo akachoka kama mimi, akaandika: Jan yule wa mlimani. Jina lako limezaliwa mara mbili, na mara zote mbili limezaliwa kwa kazi moja, kumtenga Yohana mmoja na Yohana wengine.

Hauko peke yako katika hilo. Bosco ni ukoo wa Jean Bosco wa Italia, na maana yake ni msitu. Alikufa tarehe 31 Januari 1888, majuma mawili tu baada ya mtakatifu wako kutangazwa. Xavier hakuwa hata mtu, ilikuwa ngome huko Navarra alikozaliwa Fransisko mwaka 1506, na kwa lugha ya Wabaski ni nyumba mpya. Gonzague ni mji. Wewe ni wa nadra kati yao kwa sababu herufi zako ni ngumu, hakuna sababu nyingine. Bosco linaandikika hata gizani.

Kuna jambo moja la nyumbani lililozidisha ugumu. Mwaka 1972 Mobutu aliacha jina lake la Joseph-Désiré, na nchi nzima ikaamriwa kuacha majina ya ubatizo na kushika ya mababu. Nilipoanza kazi 1979, sikuruhusiwa kuandika Jean wala Marie kwenye rejista. Nafasi hiyo haikuwapo. Majina ya watakatifu yakaishi mdomoni na kwenye daftari la parokia tu. Baada ya 1990 yakarudi kwa fujo, kila baba akija nalo kama alivyolisikia kwa mama yake, karibu miaka 20 bila kuliona limeandikwa. Yule mwenye kofia alikuwa mmoja wao. Hadi leo sheria ya familia ya 1 Agosti 1987, kifungu cha 58, inasema majina yachotwe katika urithi wa utamaduni wa Kongo. Ningekuwa na faranga kumi kwa kila Kennedy niliyemwandika chini ya kifungu hicho, ningekuwa na nyumba Muhumba, kwenye mtaa wa matajiri.

Kwa hiyo siku nyingine mpakani usitafute maneno. Mwambie: "Kwetu Kongo tuna nomu, postnomu na prenomu. Berchmans ni prenomu yangu." Akikuuliza la ukoo ni lipi, mwambie ukweli kwamba kwetu si lazima ukoo uwe na jina moja. Mugisho ni lako wewe. Ndugu yako anaweza kuwa Bahati na dada yako Nabintu, baba mmoja, mama mmoja. Yeye wa Kamembe atakuelewa haraka, kwao pia kila mtoto huja na jina lake.

Akiwa msichana, mpe vilevile. Masista wengi duniani wamelichukua. Huko Pakistan, Sista Berchmans Conway, mwanamke wa Ireland aliyefika miaka ya 1950, alifundisha wasichana kwa zaidi ya nusu karne, na mmoja wa wanafunzi wake alikuwa Benazir Bhutto. Usimwongezee e ya Kifaransa mwishoni ili lionekane la kike. Hiyo s ina maana yake, iache ifanye kazi.

Ila nakuomba kitu kimoja. Siku ya kwenda komini usiende na mdomo mtupu. Andika nyumbani, kwa herufi kubwa zilizoachana, herufi 9, ukabidhi karatasi. Kisha kabla karani hajapiga muhuri, mwombe usome mwenyewe. Atakasirika. Mwache akasirike.

*

Mama Karani, mimi ni Chantal wa Lubumbashi, komini ya Kenya. Mumewe dada yangu, ambaye anajiona anajua Kifaransa, anasema Chantal ni "kuimba", na kwa kuwa siko kwenye korali ananicheka kila Jumapili. Ni kweli?
— Chantal

Mwambie shemeji arudi darasani. Chant cha Kifaransa na Chantal zimekutana njiani tu, si ndugu. Chantal ilikuwa mali, milki ya ardhi ya bwana mmoja wa Ufaransa. Mke wake, Jeanne, aliyezaliwa 1572, akaitwa "de Chantal" kwa ajili ya ardhi hiyo, akawa mjane, akaanzisha shirika la masista, na mwaka 1767 akatangazwa mtakatifu. Kwa hiyo wewe ni kama Berchmans hapo juu, jina la nyumba lililogeuka la ubatizo. Neno lenyewe, kwa lugha ya zamani ya kusini mwa Ufaransa, ni jiwe. Na huko kwenu kwenye shaba, nani anadharau jiwe?

*

Mama wa Bagira ambaye mtoto wake Vianney ameandikwa "Viane" kwenye cheti cha kuzaliwa: hapana, karani hawezi kukufutia na kuandika upya, hata ukimpa ya soda, na akikubali ujue amekuuzia tatizo jipya. Jina likishaingia rejista halibadilishwi, hata herufi moja, hata mpangilio, bila ruhusa ya mahakama. Unaomba kwa maandishi, unaeleza sababu. Beba cheti cha ubatizo chenyewe, si fotokopi, na bultini zote ambazo jina limeandikwa sawasawa. Usingoje mwaka wa mtihani wa serikali. Mtoto wako yuko la tatu msingi, una wakati. Yule kijana wangu wa karatasi tatu alikuwa na siku tisa.